Askari wa mstari wa mbele katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Uhispania: siku yao ilipita vipi?

Mwandishi wa Kisauni

Assalamu alaykum, na salamu kwenu nyote. Ninaandika mchezo wa redio wa Kiswahili utakaochezwa na kikundi chetu kidogo hapa Mombasa, na kisa chake kinatokea katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Uhispania, vile vilivyoanza Julai 1936 kwa uasi wa majenerali dhidi ya serikali ya Jamhuri na kumalizika tarehe 1 Aprili 1939 kwa ushindi wa Jenerali Franco. Nimevichagua vita hivyo kwa makusudi, kwa sababu viko mbali nasi kiasi cha kuniruhusu kuzungumzia ndugu wanaopigana bila ya msikilizaji kuanza kukisia ni kabila gani au chama gani ninachokisema.

Habari za siasa yake ninazo za kutosha, na majina ya majenerali yamejaa vitabuni. Ninachokikosa ni siku yenyewe. Wahusika wangu ni ndugu wawili, baba mmoja mama mmoja, mmoja yuko katika mahandaki ya Jamhuri na mwenziwe yuko ng'ambo ya pili upande wa Franco. Redio haina picha, kwa hiyo ni lazima nijue kinachosikika: askari anaamshwa na nini, anakula nini na saa ngapi, anafanya kazi gani wakati hakuna anayempiga risasi, nani anakesha na nani analala, na mtu anaongea nini na mwenzake pale ambapo siku tatu mfululizo zimepita bila ya jambo lolote kutokea. Mwenye ujuzi na anisaidie, hata kama ni kwa jambo moja tu.

---

Mwalimu wa Tudor

Wa alaykum salaam, Mwandishi. Nimefundisha historia miaka mingi, na vita hivi nimevisoma kuliko vinavyohitajika katika mtihani wowote. Nakuomba kwanza uamue mahali na mwaka, kwa sababu hapakuwa na mstari wa mbele mmoja. Askari wa milima ya Aragon mwishoni mwa 1936 aliweza kukaa majuma kadhaa akimwona adui kama kidoa kilimani, ilhali aliyekuwa pembezoni mwa Madrid majira hayo hayo alikuwa akipigania ngazi za jengo moja la chuo kikuu, ghorofa kwa ghorofa. Aliyekuwa Teruel majira ya baridi ya 1937 kuingia 1938 alipigana na theluji kabla ya kupigana na mtu, na aliyevuka mto Ebro Julai 1938 alikaa juu ya majabali yasiyochimbika, chini ya ndege ambazo kwa mchana kutwa hazikumpa nafasi ya kuinua kichwa. Ukiwachanganya watu hawa wanne katika siku moja, msikilizaji atahisi kuna kitu hakikai sawa, hata kama hatajua ni kipi.

Kwa mchezo wa ndugu wawili wanaosikilizana kutoka pande mbili, ningekushauri uchukue sehemu iliyotulia, kwa kuwa sehemu kubwa ya mistari ya vita hivyo ilikuwa imetulia kwa miezi, na hata kwa miaka. Mapambano makubwa yanayotajwa vitabuni yalitokea mahali pachache. Kwingineko kote kulikuwa na watu waliokaa katika mitaro wakitunza nyumba isiyo na paa, na nitakuambia mapema kwamba hilo ndilo ninaloliona mimi kuwa kiini cha jambo lako: kazi ya kila siku ya askari wa Aragon ilikuwa kuni, chakula, tumbaku, mishumaa na chawa, na adui alikuja nyuma ya hayo yote, hasa wakati wa baridi.

Uelewe pia kwamba huko usiku na mchana vilibadilishana kazi. Mchana ni wakati wa kuonekana, na anayeonekana hupigwa, kwa hiyo mchana watu walilala kwa zamu, wakasafisha bunduki, wakaandika barua, wakavua mashati na kuchambua mishono mmoja mmoja, kwani chawa hutaga mayai katika mishono ya suruali na hakuna sabuni inayowafikia. Jua likizama, kazi ndipo ilipoanza. Kikundi kimoja kilitoka na sepetu kuongeza kina cha mtaro au kujaza magunia ya mchanga, kingine kikaenda kutengeneza seng'enge zilizokatika, wawili watatu wakatambaa mbele kusikiliza upande wa pili unafanya nini, na wengine wakateremka nyuma kupokea chakula na risasi, vilivyoletwa na baghala kupitia vijia ambavyo gari halikuweza kuvipita. Kwa mtu wa redio hiyo ni neema, kwa sababu usiku ndio wakati ambao askari mwenyewe naye haoni, anasikia tu.

Chakula sasa. Ukitaka kujua askari alikula nini, tazama ramani ya nani alishika shamba gani. Franco alikuwa na nchi ya ngano ya Castilla, pamoja na Galicia yenye ng'ombe na viwanda vya kutia samaki mikebeni, kwa hiyo askari wake alipata mkate kwa uhakika zaidi, na katika mwendo alipewa chakula baridi, mkate na sadini za mkebe. Jamhuri ilibaki na miji mikubwa yenye vinywa vingi, lakini ilikuwa na mpunga na machungwa ya Valencia pamoja na mafuta ya zeituni. Sufuria yake ilikuwa ya dengu, adesi, maharagwe na wali, vikipikwa nyuma na kupandishwa juu katika mapipa, vikifika vimepoa. Kufikia 1938 adesi zilikuwa zimewachosha watu wa Madrid hata wakaziita vidonge vya Daktari Negrín, kwa jina la waziri mkuu wao, ambaye kweli alikuwa daktari. Mvinyo ulikuwa sehemu ya posho kama chai kwetu, na kabla ya shambulio ilitolewa brandi, jambo ambalo kila mtu alilijua maana yake. Brandi ikifika bila ya sababu, watu hunyamaza. Kama mimi ndiye ningekuwa ninaandika, tukio hilo nisingeliacha.

Halafu kuna tumbaku, na hapa ndipo ndugu zako wawili watakapokutana. Visiwa vya Kanari, penye tumbaku, vilikuwa mikononi mwa Franco tangu siku za mwanzo, lakini karatasi ya kusokotea sigara ilitengenezwa Alcoy, mji ulio mkoa wa Alicante, na Alcoy ilikuwa ya Jamhuri. Kwa hiyo huku kulikuwa na karatasi bila tumbaku, na kule tumbaku bila karatasi. Mahali palipotulia, askari waliitana kwa sauti, wakakubaliana saa, mmoja akatoka kila upande bila silaha, wakakutana katikati, wakabadilishana tumbaku kwa karatasi na mara nyingine magazeti pia, wakarudi mitaroni. Maofisa wa pande zote mbili walipiga marufuku, na marufuku ikarudiwa tena na tena, jambo linalokuonyesha jinsi ilivyotiiwa.

Siku ambazo hawakubadilishana chochote walibadilishana maneno. Watu walipiga kelele kuvuka uwanja ulio kati yao, wakitukanana, wakiimbiana, na hasa wakijisifia chakula, kila upande ukidai umekula nyama wakati ukweli ni dengu. Baadaye vikaletwa vipaza sauti, na propaganda ikawa kazi ya watu maalumu, lakini ile ya mdomo haikukoma.

Na la mwisho kwa leo: wengi wa askari wakulima hawakujua kusoma. Mapema 1937 wizara ya elimu ya Jamhuri iliunda kikosi cha walimu waliopelekwa mitaroni kabisa kufundisha kusoma na kuandika, wakitumia kitabu kilichoanza na sentensi nzima badala ya herufi moja moja. Kila kikosi kikawa na gazeti lake la ukutani na pembe yake ya kusomea, hata kama pembe hiyo ilikuwa pango lenye meza ya masanduku ya risasi. Mtu wa miaka thelathini na kitu akiandika barua yake ya kwanza kwa mkono wake, akitamka kila silabi kwa sauti, hiyo ni dakika nzima ya redio isiyohitaji mlio wowote wa bunduki.

---

Sajini Mstaafu, Likoni

Nimemsoma Mwalimu kwa heshima, na katika historia siwezi kushindana naye. Mimi nilikuwa askari, si mwanahistoria, na nitasema yale yanayofanana katika kila jeshi, kisha nitampinga kidogo.

Mwandishi, lindo ndilo linaloigawa siku ya askari, wala si saa ya ukutani. Mtu hufikiri kwa zamu: nimetoka lini, ninarudi lini, katikati hapo nitalala kiasi gani. Baada ya siku chache za kulala vipande vipande, mtu huwa hayuko macho wala usingizini, na ndipo anapofyatua risasi kwenye kichaka kilichotikiswa na upepo, na jirani yake akafyatua kwa kuwa yule amefyatua, na mstari mzima ukalipuka kwa robo saa bila ya adui yeyote kuwapo. Jambo hilo ni la kawaida katika kila vita vya mahandaki. Asubuhi yake sajini huhesabu maganda ya risasi na kutukana.

Alfajiri na magharibi ndizo saa zinazoogopwa zaidi, kwa sababu mwanga unadanganya na anayeshambulia hupenda kuutumia. Kwa hiyo usimwamshe askari wako kwa tarumbeta karibu na adui. Huamshwa kwa mguu, au kwa mkono begani, na jina lake kutajwa chini chini. Mbele ya seng'enge, mikebe mitupu iliyofungwa pamoja inalia mtu akiigusa, nayo ni njia ya zamani iliyotumika katika vita vingi. Mkebe mmoja ukilia, wote waliolala wameamka, na kisha ni kimya cha dakika nyingi cha kungoja kama ni mtu au ni panya.

Jambo la risasi alilipita Mwalimu, nami sitalipita. Upande wa Jamhuri ulikuwa na bunduki kutoka kila pembe ya dunia. Kulikuwa na Mauser za Kihispania za milimita 7, kulikuwa na Mosin-Nagant za Kirusi za milimita 7.62, na nyingine nyingi kuukuu zilizonunuliwa popote zilipopatikana, kila moja ikitaka risasi yake. Sijui kama raia anaweza kuelewa maana ya jambo hilo. Sanduku linapandishwa mlimani usiku kucha kwa mgongo wa baghala, linafunguliwa, risasi ni mpya na zinang'aa, na haziingii. Karani wa stoo katika jeshi kama lile alikuwa na uzito kuliko kapteni.

Ninapompinga Mwalimu ni hapa: asikufanye ukaamini kwamba utulivu ule ulikuwa mapumziko. Mahali palipotulia watu huzoea, na aliyezoea huinua kichwa mahali pale pale anapoinua kila siku, akienda chooni kwa njia ile ile, saa ile ile. Mdunguzi hahitaji zaidi ya hapo. Halafu kuna uchovu wa kukaa bure, ambao maofisa huutibu kwa kazi zisizo na haja, kuchimba kilichokwisha kuchimbwa na kuhamisha magunia kutoka huku kwenda kule. Watu hugombana kwa sababu ya kijiko. Ndugu yako wa mchezoni asiwe na huzuni ya kishairi. Awe na hasira ya kijiko.

---

Mwandishi wa Kisauni

Mwalimu na Mzee Sajini, mmenipa zaidi ya nilivyotarajia. Nimeamua iwe Aragon, majira ya baridi. Lakini nina maswali mawili mengine. Nimesoma kwamba Franco alikuwa na askari Waislamu kutoka Morocco, nami nafikiria kumweka mmoja karibu na yule ndugu wa upande wake, kwa sababu wasikilizaji wetu wa hapa Pwani bila shaka watataka kumjua. Je, walikuwa wengi kiasi hicho, na maisha yao ya kila siku yalitofautiana vipi na ya wenzao? La pili ni baridi. Mimi sijawahi kuona theluji, na waigizaji wangu hawajaiona. Iliwafanya nini watu wale?

---

Msomaji wa Mji wa Kale

Bi Mwandishi, nitajibu la kwanza. Walikuwa wengi. Waliopita katika vikosi vya Franco kutoka eneo la kaskazini mwa Morocco lililotawaliwa na Uhispania walikuwa kama 70,000 hadi 80,000 kwa jumla ya vita vyote, na wa kwanza wao walivushwa Julai na Agosti 1936 kwa ndege za Kijerumani aina ya Junkers kutoka Tetuan hadi Sevilla, kwa kuwa wanamaji walikuwa wamebaki na Jamhuri na bahari haikupitika kwa urahisi. Wengi walitoka Rif, nchi ya milima iliyopigana na Uhispania hiyo hiyo katika miaka ya 1920 na kushindwa. Usiwafanye wapenzi wa Franco. Kilichowatoa majumbani ni njaa: mvua zilikuwa zimekosekana, na aliyejiandikisha alilipwa sehemu ya mshahara kabla ya kuondoka, na familia yake ikapata mafuta, sukari na mkate. Kijana aliyekuwa akituma posho kwa mamake hakuwa na habari nyingi za siasa za Madrid.

Jeshi lilijua kwamba haliwezi kuwaweka watu hao bila ya kuiheshimu dini yao, na lilifanya hivyo kwa hesabu zake. Walikuwa na nyama iliyochinjwa kwa njia ya Kiislamu, wakawekewa mikahawa yao ya chai nyuma ya mistari, hospitali zao na makaburi yao. Kwa hiyo katika mchezo wako, pale ambapo Mhispania anapewa mvinyo, huyu anatia nanaa katika birika, na hiyo ni sauti ambayo msikilizaji wa Mombasa ataitambua bila ya kuelezwa.

Kuna jambo moja la kalenda ambalo ningependa ulitumie hata kama itakubidi uhamishe mwaka. Ramadhani ya mwaka 1355 Hijria iliandama katikati ya Novemba 1936, yaani siku zile zile ambazo vikosi vya Franco, wakiwamo Wamorocco, vilivuka mto mdogo wa Manzanares na kuingia katika majengo ya chuo kikuu pembeni mwa Madrid, katika mapigano makali kuliko yote ya mwaka ule. Kisheria msafiri ana ruhusa ya kula na kulipa baadaye, na sala ya hofu imeelezwa waziwazi katika Suratun-Nisaa, aya ya 102, kwamba kundi moja lisimame kusali na silaha zao na jingine lilinde, kisha wabadilishane. Mtunzi ana haki ya kumfanya mhusika wake achukue ruhusa hiyo au aikatae. Mimi ningemwacha abishane na mwenzake juu yake kwa sauti ya chini, mmoja akisema safari ni safari na mwingine akisema alitoka kwao kwa hiari na kwa mshahara, kwa hiyo hana safari ya udhuru.

Na tafadhali, Bi, usimwandike kama jini. Propaganda ya Jamhuri iliwachora Wamorocco kama wanyama, na ile ya Franco ikawachora kama watoto watiifu. Unyama ulifanyika, nao usifichwe, lakini maofisa waliouruhusu, na redio iliyoutangaza kwa majivuno kutoka Sevilla, walikuwa Wahispania. Mtu wa Pwani anayejua jinsi askari wa makoloni walivyotumiwa katika vita vya watu wengine hana udhuru wa kuirudia michoro ile.

---

Muuguzi wa Changamwe

La baridi nitalijibu mimi, kwa kuwa ni jambo la mwili. Huko Teruel, mapigano yaliyoanza tarehe 15 Desemba 1937 na kumalizika tarehe 22 Februari 1938, baridi ilishuka hadi karibu nyuzi 20 chini ya sifuri. Askari wengi wa Jamhuri walikuwa wamevaa viatu vya kitambaa vyenye soli ya kamba, viatu vinavyofaa sana kiangazi na visivyofaa hata kidogo vikilowa. Kamba hunywa maji, maji huganda, na mguu huganda ndani yake. Vidole hupoteza rangi, kisha hupoteza maumivu, na hapo ndipo mgonjwa anaposema amepona, ilhali ndipo hatari ilipoanza. Waliokatwa vidole na miguu kwa sababu ya baridi walikuwa maelfu katika pande zote mbili. Mwigizaji wako asitetemeke wakati wote. Anayetetemeka bado ana nguvu. Aliyezidiwa huongea polepole, maneno yakiburuta, na hukataa kusimama.

Kwa Aragon iliyotulia, baridi ni kazi zaidi kuliko ugonjwa. Vilima vile vina miti michache, na kila kijiti kilicho karibu kilikuwa kimekwisha kuchomwa, hivyo watu walikwenda mbali zaidi kila siku na pengine mbele zaidi, mahali ambapo adui naye alikuwa akifuata kuni hizo hizo. Blanketi moja, lililotobolewa katikati na kuvaliwa kama koti, lilifanya kazi ya mchana na ya usiku. Mikono huwa imejaa nyufa. Upele uliwatesa wote, na kuhara kuliwatesa walio wengi, na nadhani msikilizaji anaweza kuvumilia kusikia habari hizo kuliko watunzi wanavyodhani.

Kuhusu majeruhi, vita hivi vilikuwa shule kwetu sote tulio katika kazi hii. Daktari Frederic Duran Jordà alianzisha Barcelona, mwaka ule ule wa 1936, utaratibu wa kukusanya damu ya raia, kuitia chupani na kuipeleka kwa magari yenye baridi hadi mstari wa Aragon, na mwishoni mwa mwaka daktari wa Kanada, Norman Bethune, akafanya kazi kama hiyo Madrid. Daktari Josep Trueta alisafisha majeraha ya mifupa iliyovunjika, akakata nyama yote iliyokufa, kisha akayafunga ndani ya plasta na kuyaacha. Harufu yake ilikuwa mbaya kupita kiasi, lakini miguu mingi ambayo zamani ingekatwa ilibaki. Kama unahitaji sauti ya mwanamke katika mchezo, usiwaweke wanawake jikoni pekee. Katika miezi ya kwanza walikuwako waliobeba bunduki mitaroni, ingawa kufikia 1937 karibu wote walikuwa wamerudishwa nyuma, na katika hospitali ya Villa Paz alifanya kazi muuguzi mweusi kutoka Marekani, Salaria Kea, ambaye ninashangaa kwa nini wanafunzi wetu wa uuguzi hawamjui.

Jingine dogo: katika pande zote mbili wasichana wa mjini walijitolea kuandikia askari wasiowajua, wakawa kama dada zao wa hiari. Barua hizo zilipita mikononi mwa mkaguzi kabla ya kufika. Ziweke.

---

Mwandishi wa Kisauni

Ahsanteni sana. Nimekwisha kuandika upya tukio la kwanza, na ndani yake hakuna risasi hata moja. Kuna watu wawili wanaogombania kijiko na wa tatu anayetamka silabi. Swali langu la mwisho linahusu shina la kisa. Mtu mmoja katika kikundi chetu ananiambia kwamba ndugu wa baba na mama mmoja kuwa pande mbili tofauti ni hila ya watunzi, na kwamba katika hali halisi kila familia ilikuwa na upande wake. Je, ni kweli? Na je, wangeweza kukutana kweli katika kule kubadilishana tumbaku?

---

Mwalimu wa Tudor

Mwambie mwenzako si hila. Wapo waliochagua upande kwa imani, na wengi wao ndio walioandika vitabu, hivyo tunawasikia wao zaidi. Lakini sehemu kubwa ya majeshi yote mawili ilikuwa ya watu walioandikishwa kwa lazima, na aliyeandikishwa alipigania upande uliokuwa umeshika mahali alipokuwapo Julai 1936. Mwana aliyekuwa akifanya kazi ya uwashi Zaragoza siku ya uasi alijikuta chini ya majenerali, kwa sababu Zaragoza ilichukuliwa nao mara moja. Ndugu yake aliyekuwa kiwandani Barcelona alijikuta chini ya Jamhuri. Na mama yao alikuwa kijijini katikati. Hakuna hata mmoja wao aliyehitaji kuwa na siasa. Zaragoza na Barcelona zinakutosha, kwa sababu mstari wa Aragon ulipita kati ya miji hiyo miwili.

Sajini amenisahihisha kuhusu utulivu, naye ana haki, lakini nami nitaongeza moja upande wa Madrid ili msikilizaji wako aelewe jinsi vita na nyumbani vilivyokaribiana. Hebu fikiria mstari wa mbele uko Makupa, na Marikiti bado inauza ndizi. Ndivyo ilivyokuwa kule, ambako askari walifika karibu na mitaro kwa tramu, na mwenye ruhusa ya jioni alirudi mjini, akanyolewa, akaenda sinema, kisha akapanda tena kwenda lindoni. Katika jengo la kitivo cha falsafa na fasihi walijenga kinga za dirisha kwa vitabu vya maktaba. Huko nako waligundua kwamba kitabu kinene huzuia risasi kuliko mwalimu alivyowahi kukisifia.

Sasa kukutana kwao. Inawezekana, na ukitaka iaminike, wasijuane kwa sura, wajuane kwa kijiji. Kitu cha kwanza ambacho askari waliulizana kuvuka uwanja kilikuwa hicho: nani huko anatoka mahali fulani? Akipatikana mtu wa kwao, maswali yakawa ya mavuno, ya harusi, ya nani amefariki. Hapo ndipo sauti moja inaweza kuitambua nyingine. Lakini usisahau gharama yake. Maofisa waliyaogopa mazungumzo hayo kwa sababu yalikuwa mlango wa kutoroka, na watu walitoroka kweli, wakivuka usiku kwenda upande ambao familia zao zilikuwako, jambo ambalo linafuata moja kwa moja kutokana na jinsi walivyoandikishwa. Aliyekamatwa aliweza kupigwa risasi, na jamaa waliobaki nyuma waliweza kuadhibiwa kwa niaba ya aliyefanikiwa kuvuka.

Kwa hiyo ndugu zako watakapotoka mitaroni, mmoja na karatasi na mwingine na tumbaku, kila mmoja ana kikosi kizima kinachomtazama mgongoni, kikihesabu muda. Hawawezi kukumbatiana. Wana dakika chache za kupimiana tumbaku na kuulizana juu ya mama, na sauti zao lazima zibaki za watu wawili wanaobishana bei, kwa sababu sajini wa kila upande anasikiliza. Na kama unafikiria kuendelea hadi 1938, kumbuka kwamba mwaka huo Jamhuri iliwaita vijana wa miaka 17, wale ambao watu waliwaita kizazi cha chupa za maziwa, na kwamba mstari wote wa Aragon ulivunjika Machi mwaka huo. Yule wa upande wa Jamhuri hatakuwa tena katika mtaro ule, na bila shaka atakuwa akirudi nyuma kuelekea Ebro pamoja na wengine, kwa miguu, bila ya kujua kikosi chake kiko wapi.